Ufagio wa Hilkka

Hilkka hakuacha kuegemeza ufagio mlangoni. Kwetu ufagio ukiegemea mlango, mwenye nyumba hayupo, nasi hugeuka bila kubisha. Yeye aliuegemeza, kisha akazunguka, akaingia kwa mlango wa nyuma na kukaa ndani.

Mumewe, Tauno, alikuwa amemwacha akaenda kuishi na mwanamke wa mjini Oulu. Kiangazi hicho Hilkka akahamia kwenye kibanda cha marehemu baba yake, ng'ambo ya ziwa letu, akasema atakaa huko mpaka aweze kulisikia jina la Tauno bila mikono kumtetemeka. Dukani walimtania kuwa ameolewa na misonobari. Mlango wa nyuma niliujua mimi tu, jirani yake.

Msitu ulimtibu, kwa kiasi chake. Alichuma uyoga, akapasua kuni, rangi ikamrudi usoni. Majira ya baridi ya pili nilimtajia Tauno kwa makusudi. Aliendelea kumimina kahawa, na haikumwagika.

Halafu asubuhi moja, baada ya theluji kuanguka, akanionyesha nyayo. Zilipanda kutoka ziwani hadi kizingitini, mguu wa kushoto ukiburuta. Tauno alichechemea mguu huo tangu ujana. Mbele ya ufagio theluji ilikuwa imekanyagwa sana, kama mtu aliyesimama akisita, kisha nyayo zikageuka. Hilkka alikuwa ndani, amelala, jiko limezimika.

"Mfuate basi, dada," nikamwambia.

"Nikamwambie nini? Kwamba nilikuwepo?"

Hakumfuata, na Tauno hakuja tena. Tangu hapo, kila theluji ilipoanguka, Hilkka alitoka kukitazama kizingiti kabla hata ya kuwasha jiko. Siku moja nilimsikia akizungumza pale, kwa sauti ya chini, kama anayemkaribisha mgeni. Nikamuuliza kwa nini asiuondoe huo ufagio. Akasema akiuondoa atakuwa anamngoja, naye hakuja msituni kumngoja mtu.

Alifariki kabla barafu ya ziwa haijayeyuka. Mara ya mwisho nilipomtembelea alikuwa amekonda, lakini alinisindikiza hadi nje, akaurudisha ufagio mahali pake.

"Ukiukuta hapa siku nyingine, mdogo wangu," akasema, "wewe bisha tu. Nipo."