Vyombo Tulivyovificha Kadutu

Papa alikuwa fundi cherehani, na duka lake dogo la vitambaa pale Nyawera lilikuwa limekufa. Madeni yalipomzidi, akaenda mwenyewe tribinali, mahakama ya Wazungu, kusema amefilisika. Sikujua neno hilo, nilikuwa msichana mdogo tu, lakini nilimwona Maman akihesabu sufuria zetu moja moja.

Hofu yetu ilikuwa nyumba. Tulikuwa wapangaji Kadutu, na wakati ule wa Wabelgiji Mwafrika asiye na nyumba wala kazi mjini alinyang'anywa ruhusa ya kukaa. Tungerudishwa kijijini Nyantende, ambako baba zangu wadogo walikuwa wameshagawana shamba lote.

"Muzungu wa tribinali anakuya kesho," Maman akasema. "Atabeba byote."

Basi wakaja wanawake tuliosali nao. Wakabeba mgongoni, kamba ikishika paji la uso, vikapu vimefunikwa sombe, majani ya muhogo, utadhani wanaenda sokoni. Mtaani kwetu, aliyekataa kumfichia jirani vyombo angesengenywa mpaka kanisani. Cherehani ikaenda, sufuria zikaenda, kitanda kikafunguliwa vipandevipande. Nyumba ilibaki inavuma tukisema. Niliogopa kukohoa.

Asubuhi mzungu alikuja, akatazama kuta, akacheka. Karani wake ndiye aliyetueleza:

"Kitanda na masini ya kushona, sheria inabaachia. Mulibificha ya nini?"

Laiti mtu angetuambia jana! Lakini nani angemuuliza mzungu swali kama hilo?

Walipoondoka tu, akaja mwenye nyumba. Alisimama mlangoni akaangalia sakafu tupu.

"Papa, munakimbia?"

"Hapana, muzee. Tuko hapa."

"Bile bintu njo bilikuwa garanti yangu. Loyer ikikosa, nabishika. Sasa nitashika nini? Bukuta?"

Vyombo vyetu ndivyo vilikuwa dhamana yake ya kodi. Papa alijaribu kueleza kwamba viko kwa majirani, mzee hakungoja. Mzee yule hakuwa mtu mbaya, nasema hivyo ingawa mpaka leo nina hasira naye. Alitutoa nje, akatia kufuli, akaenda kutafuta mpangaji mwingine.

Maman akakimbia mlango kwa mlango. Vyombo vikarudi vyote, hata kijiko hakikupotea, na wanawake wakavipanga mbele ya nyumba ili mzee avione. Hakurudi. Kitanda kikafungwa tena pale pale njiani, Maman akaniambia nikikalie kisiibwe. Watu walipita wakinitazama. Nilitamani nijifunike shuka uso mzima.

Ndipo nikamwona polisi akipanda mtaa, akisimamisha wanaume na kuuliza karatasi zao za ruhusa ya kukaa mjini. Papa alikuwa amemwona kabla yangu. Alivua kofia, akaivaa, akaivua tena. Sikuwahi kumwona baba yangu akiogopa. Nikamshika mkono, ulikuwa baridi.

"Papa," nikamuuliza, "tutamwambia tunaikala wapi?"