Mama Apanda Kuuona Mwezi

Mimi napandisha watu Kilimanjaro. Ndiyo kazi yangu, na naipenda mno hata nikiwa mapumzikoni nyumbani, Mji Mkongwe, miguu huniwasha. Lakini Mama aliwaambia majirani kuwa nafanya kazi hotelini, huko bara. Mtoto wa kike kulala kwenye mahema na watu asiowajua, kwake si habari ya kupeleka barazani.

Mwaka huu nilirudi Ramadhani ikiwa ukingoni. Mama hakuwa amefika juu ya nyumba yetu tangu alipoanguka ngazini akaumia goti. Ngazi zetu ni za kizamani, nyembamba na za kusimama, na pa kushika ni kamba tu iliyoning'inia ukutani. Kila mwezi wa Idi ulipotafutwa, yeye alibaki chini akituuliza kwa sauti, "Umeandama?" na kuamini alichoambiwa.

Safari hii alisema, "Mwaka huu nnataka niuone kwa macho yangu."

Furaha niliyoipata! Nilimvalisha raba zangu, nikatia tende na chupa ya maji mfukoni, nikamweka kaka yangu nyuma yake. Mimi nikatangulia.

"Usitazame juu, Mama. Tazama visigino vyangu tu. Mguu mmoja, pumzi moja. Na usizungumze."

Hilo la mwisho ndilo lililomshinda. Alisimulia alivyoanguka, akatuonyesha kidato chenyewe, akamlaumu fundi aliyekwisha kufa zamani. Tulipofika ghorofa ya pili goti lilikuwa likimtetemeka na pumzi zimemwishia.

Mlimani nimewarudisha wanaume wenye misuli yao, kilele wanakiona. Asiyepata pumzi hapandi, awe nani.

"Kaa, Mama," nilisema. "Pumzi zikitulia tunapanda. Zisipotulia tunarudi chini, mwezi uonekane usionekane."

"Na mimi unirudishe?"

"Na wewe."

Alinitazama kama mtu aliyeletewa mgeni asiyemjua. Kaka akaanza kunung'unika kwamba mwezi mchanga haukai. Adhana ya magharibi ikalia, tukafuturu pale pale ngazini kwa tende na maji, na Mama akanyamaza kweli. Nilisikiliza kifua chake, nikijua nikimrudisha leo hatajaribu tena. Kidogo kidogo kikatulia.

"Haya," nikasema.

Alipanda kimya, macho kwenye visigino vyangu, mguu mmoja, pumzi moja. Vilele vyote nilivyofika havikunitia kiherehere kama vile vidato vya mwisho. Tulipotokea juu upepo ulitupokea, nami nikahangaika kutafuta upande wa magharibi, nisione kitu.

"Ule," Mama alisema taratibu. "Juu ya tangi la maji."

Ulikuwepo kweli, mwembamba kama uzi. Watu kwenye mapaa wakaanza takbira. Nilicheka, nikalia, nikamkumbatia mpaka akalalamika mbavu.

Jirani yetu wa nyumba ya mkabala akamwona.

"Bi mkubwa, wewe huyo? Nani kakufikisha huko?"

"Mwanangu."

"Yule wa hotelini?"

"Hotelini wapi," alisema Mama. "Anapandisha watu Kilimanjaro. Na leo nusura anirudishe chini, mimi mama yake."