Mama Kamusi na Ngurumo ya Tumbo

Mtaani walimwita Mama Kamusi, ingawa kazi yake ilikuwa cherehani. Alipenda maneno ya Kiingereza ambayo hata wenyewe Waingereza wameyasahau. Mchana, mashine ikipumzika, alifungua kamusi yake kuukuu na kumtupia mumewe neno. Mume, dereva mstaafu wa malori, alibuni maana, tena maana za ajabu, wakacheka mpaka mbavu zikauma. Matamshi nayo yalikuwa kazi ya mume, maana alisikiliza redio miaka mingi safarini. Mama yeye alisoma kila herufi kama ilivyoandikwa, hakubakiza hata moja.

Kisha mzee akapigwa na kiharusi. Miguu ilirudi polepole, ulimi ukagoma. Muuguzi wa mazoezi ya kusema akaja na picha.

"Baba, sema maji. Haya, sema mlango."

Mzee akageukia ukuta. Yeye aliyevusha lori milimani, leo afundishwe mlango kama mtoto! Mama alimwelewa, lakini kuelewa si dawa. Kamusi akaifungia kabatini. Mchezo wa wawili hauchezwi na mmoja.

Siku moja alikuwa akikunja upindo wa gauni la mteja, mzee ameketi dirishani, mara tumbo lake mama likanguruma kama injini mbovu. Neno likamponyoka, lile lenye maana hiyo hiyo ya tumbo kunguruma: *borborygmus*. Akalitamka kivyake.

"Boroborigimusi!"

Mzee akageuka. Akakunja uso, midomo ikahangaika.

"Bo..." Akavuta pumzi. "Bo-bo-rig-mas."

Sindano ilimchoma mama kidole, hata hakusikia.

"Umesemaje, mume wangu?"

"Bobo-rigmas," akarudia kwa ukali kidogo, kama zamani. "Si... gimusi!"

Mama akacheka huku machozi yakimtiririka.

Muuguzi aliposimuliwa alicheka naye, akaomba kamusi itolewe kabatini. *Petrichor*, harufu ya udongo mkavu ukipata mvua, mzee aliitamka vizuri, "petriko", kabla hajaweza kusema chai. Maji yalikuja baadaye. Mlango ukachelewa zaidi. Majirani huapa kwamba mama hukosea makusudi ili asahihishwe.

Mzee hakurudi kuwa yule wa zamani. Sentensi ndefu bado humkwama, na akichoka hunyamaza. Mkewe hamhimizi. Huvuta kiti karibu naye, akaendelea kushona.