Kutoka Makaburi ya Wafalme Hadi Kudhaa

Safari hii niliifunga kwa hasira, na sioni haya kusema hivyo. Bwana mmoja aliyekaa nyuma ya meza, katika nchi ya baridi niliyoikimbilia, aliniuliza mama yangu amezikwa wapi. Nikamjibu: Kudhaa, kisiwa cha Wabajuni, kusini ya Kismayo, Somalia. Akauliza, "Kaburi lipi?" Nikamwambia silijui. Akaandika. Baadaye nikaletewa barua iliyosema kwamba mtu asiyelijua kaburi la mama yake mzazi huenda si mtu wa huko anakodai kutoka. Karatasi za kuishi nilikuja kuzipata kwa kukata rufaa, lakini maneno ya barua ile yalinikaa kooni mwaka baada ya mwaka.

Huyo bwana hakujua, wala hakutaka kujua, kwamba kwetu wanawake hawalifuati jeneza. Mama alikufa kwa homa tukiwa njiani kukimbia vita. Tulikuwa tumetoka Chovai, kisiwa chetu, na tumefikia Kudhaa kwa Bi Mwanashee, rafiki wa mama tangu usichana wao. Nilikuwa na miaka kumi na saba. Alasiri ile nilichungulia kwenye upenyo wa ukuta wa makuti nikaona migongo ya wanaume wanne wakitoka na jeneza mbiombio, maana wenye bunduki walikuwa wameshaonekana upande wa pili wa kisiwa. Watatu niliwatambua: baba, mjomba wangu, na nahodha wa chombo chetu. Wa nne alivaa kanzu na kofia, na kilemba amejizungushia uso. Walirudi watatu, na jioni hiyo hiyo tukaondoka. Baba alifia Mombasa, mjomba alifia kambi ya wakimbizi, na nahodha alitangulia wote wawili. Kwa hiyo duniani alibaki mtu mmoja tu anayelijua kaburi la mama, naye ni yule wa nne, nami sikuwa na jina lake, maana baba kila nilipomwuliza alikataa kunitajia.

Jumamosi moja mwalimu wetu wa lugha alitupeleka kwenye kanisa wanakozikwa wafalme wa nchi ile. Nilikwenda kwa sababu kulikuwa na joto ndani. Humo wafalme wamechongwa kwa mawe, wamelala chali, mikono kifuani, na baadhi yao wamewekewa mbwa miguuni. Mbwa, kaburini! Nilijizuia nisicheke. Mtembezaji wetu alituonyesha malkia wawili, ndugu wa baba mmoja waliochukiana maisha yao yote, sasa wamezikwa kaburi moja, jeneza la mmoja juu ya la mwenzake. Akasimulia kwamba zamani mfalme aliweza kuzikwa moyo nchi moja, matumbo nchi nyingine, na kiwiliwili pengine. Watu walipiga picha. Mtoto alimpapasa malkia pua, na pua yenyewe ilikuwa imeshalainika kwa kupapaswa. Sikumwona mtu aliyesimama kumwombea hata mmoja wao.

Kisha mtembezaji akatueleza habari ya mfalme aliyeuawa vitani, akazikwa haraka haraka, na kaburi lake likapotea kwa zaidi ya miaka mia tano. Mifupa yake ilikuja kupatikana chini ya maegesho ya magari.

"Na miaka yote hiyo," nikamwuliza kwa lugha yao niliyokuwa bado naivunjavunja, "kuna mtu aliyewaambia kwamba si mfalme wenu?"

Akacheka, akadhani natania. Sikuwa natania hata kidogo. Wao walimpoteza mfalme mzima na hakuna aliyewaandikia barua. Nilitoka nje kwenye mvua nimeshakata shauri kwamba nitakwenda Kudhaa, nimtafute huyo mtu wa nne hata kama ni mzee wa kubebwa, anionyeshe alipomlaza mama.

Mombasa nilikaa siku tatu kwa jamaa, na wote walinishika miguu nisiende. Walisema visiwa vimebadilisha mabwana mara nyingi, leo kundi hili, kesho lile, na kila kundi lina sheria zake na bunduki zake. Waliniambia nisome hitima, nimwachie Mungu. Niliwajibu kwamba hitima nimesoma miaka yote na nitaendelea kusoma, lakini kaburi nalitaka.

Kutoka Lamu hadi Kiunga nilisafiri kwa mashua ya injini iliyobeba mapipa ya mafuta na magunia ya vitunguu, na kutoka Kiunga nikavuka mpaka kwa njia ya maji hadi Ras Kamboni. Nilishuka hapo na unyayo umechanika kwa chaza. Pale, miaka ile, ndipo tulipokaa siku mbili tukingoja kuvushwa kuingia Kenya, baba amekaa mchangani hasemi na mtu. Nilipapita mahali hapo bila kusimama.

Asubuhi ya pili nikamwendea mwenye mashua ya kwenda visiwani, Bwana Famau, mtu mnene wa maneno mengi, aliyekuwa akisafisha plagi za injini kwa kitambaa cha fulana.

"Weye ni mchu wa wapi?" akaniuliza kwa Kibajuni.

"Wa Chovai."

"Chovai kwa nani?"

"Kwa Shee, fundi wa mashua."

Akaiacha plagi. "Shee yule aliyekuwa akigombana na kila mchu, hata na misumari yake?"

"Huyo ndiye baba yangu."

"Basi panda," akasema. "Pua ni yake, na kwa unavyonikodolea macho, roho pia ni yake."

Mahojiano yangu na Bwana Famau yaliishia hapo. Yule wa nyuma ya meza alinihoji siku mbili na asinijue.

Tuling'oa nanga baada ya swala ya alfajiri. Bwana Famau aliniambia nisivae miwani ya jua na nisiseme natoka Ulaya. Nikamwuliza kama amewahi kusikia ni nani waliomzika mama yangu pale Kudhaa. Akafikiri sana. Akasema wanaume wa Kudhaa siku zile walikuwa wameingia mikokoni kujificha, kisiwa kilibaki na wanawake na watoto, na yeye hamjui mwanaume hata mmoja aliyejitokeza. "Kama alikuwako, angejisifu mpaka leo," akasema. "Wachu wetu nawajua." Moyo ulinianguka. Kisiwa kilijitokeza karibu na adhuhuri.

Kudhaa nilipokewa na Bi Mwanashee mwenyewe, amekonda, meno machache, mgongo umenyooka kama zamani. Yeye hakukimbia. Wanawe wametawanyika, mmoja Mombasa na wengine Ulaya, na kila mwaka humwita, na kila mwaka huwajibu, nani huyo wa kumfukuza kwake? Alinikumbatia, akanishika uso, akalia kidogo, kisha akanigombeza kwa kuwa mwembamba. Alinipa samaki wa kuchoma na wali wa nazi. Nilipomwuliza habari ya mtu wa nne, alisogeza sahani.

"Kula kwanza."

Nilipomaliza kula nikauliza tena.

"Hao walikufa wote, mwanangu."

"Wa nne pia?"

Akasema anakwenda kuswali.

Siku iliyofuata niliyazunguka makaburi kwa nje ya ua wa mawe. Baba alikuwa ameniambia kwamba alimlaza mama karibu na mkunazi, lakini mkunazi haukuwapo. Ulikatwa kuni zamani. Makaburi ya kale, yale yaliyojengwa kwa matumbawe na chokaa na kutiwa sahani za kichina, yalikuwa yamevunjwavunjwa. Bi Mwanashee aliniambia kwamba waliyavunja wenye bunduki waliopita, kwa kusema kuwa kujengea kaburi ni dhambi. Pembeni ya hayo kulikuwa na vituta vya mchanga, kadhaa wa kadhaa, vya watu wa miaka ya vita. Nilisimama pale na jua la utosi nikaona kwamba yule bwana alikuwa amenishinda. Nilikuwa nimevuka bahari mbili kuja kusema tena sijui.

Asubuhi ya tatu niliingia jikoni kumsaidia Bi Mwanashee kukoroga uji. Sufuria ilikaa juu ya mafiga matatu. Mawili yalikuwa matofali ya saruji. La tatu lilikuwa jiwe jeusi, zito, lenye ufa mdogo ubavuni.

Nililijua. Mama alikuwa na mafiga matatu ya mawe meusi ya bara, ya kurithi kwa bibi yake, kwa sababu jiwe la visiwani kwetu ni tumbawe, na tumbawe likikaa motoni hupasuka likawa chokaa. Siku ya kukimbia Chovai aliyapakia yote matatu chomboni. Watu walikuwa wakiacha vitanda na masanduku, naye anapakia mawe. Baba alifoka sana. Mama akamjibu, "Huko tuendako hatutakula?" Ule ufa niliutia mimi, nilipoliangusha figa nikiwa mdogo, na nilichapwa kwa ajili yake.

"Hili la mama," nikasema. "Mawili yako wapi?"

Bi Mwanashee akaendelea kukoroga uji mpaka nikadhani hakunisikia. Kisha akaushusha, akafunika sufuria, akajifunga leso kiunoni.

"Vaa viatu," akasema. "Kuna miiba."

Kwenye mlango wa ua wa makaburi alikuwa amekaa mlinzi wa kisiwa, mtu wa makamo mwenye ndevu za hina, bunduki mapajani. Alisimama alipotuona. Alisema kwa Kisomali, kwa adabu, akimwita Bi Mwanashee eeddo, yaani shangazi, kwamba wanawake hawaingii humo. Ni amri, na yeye kawekwa kuitimiza.

"Mimi nimeshaingia," Bi Mwanashee akamjibu kwa Kisomali hicho hicho.

"Lini?"

"Siku ya kumzika mama wa huyu. Nilishika mguu wa nne wa jeneza."

Yule mtu akamtazama. Mimi pia nilimtazama.

"Wanaume walikuwa watatu," akasema Bi Mwanashee, na sasa sauti ilipanda, hata watu waliokuwa wakitengeneza nyavu wakageuka. "Wengine wote walikuwa wamejificha mikokoni, na mmoja wao ni yule pale anayejifanya hasikii. Jeneza lina miguu minne. Nikavaa kanzu ya marehemu mume wangu na kofia yake, nikajizungushia kilemba usoni, nikabeba. Nikamshika kiunoni tukamteremsha. Wenzangu waliporudi nyumbani kukuchukua weye mwanawe," akanigeukia, "mimi nilibaki nikafukia. Niliwaapisha wasiseme, nikijua wachu watanitafuna kwa midomo. Sasa nasema. Na weye, baba," akamrudia mlinzi, "ungekuwa wewe ungemwacha pale barazani aliwe na mbwa?"

Mlinzi alitazama chini, akatazama baharini, akahamisha bunduki bega la pili. Hakutupa ruhusa. Alikaa tu, akageuza uso upande mwingine, na Bi Mwanashee akanishika mkono tukapita.

Mama amelala safu ya nyuma, karibu na ukuta wa kibla. Kichwani jiwe jeusi, miguuni jiwe jeusi. Katika kisiwa cha mawe meupe hakuna mahali pengine utakapoyaona mawe kama yale, na masizi ya Chovai bado yamo ndani ya vinyweleo vyake. Bi Mwanashee aliyaweka kesho yake, baada ya sisi kuondoka na kuyaacha kwake, yawe mashahidi wa kaburi. Nilipiga magoti nikamwambia mama nimekuja. Nililia kwa sauti. Anayetaka kusema ni haramu na aseme.

Baada ya kusoma dua nikamwambia Bi Mwanashee kwamba nitaleta saruji na marumaru, nimjengee kaburi la kimalkia, lenye jina, hata yale niliyoyaona huko Ulaya yaone haya.

"Usijenge," akasema. "Ukijenga watavunja. Haya mawe wameyatupa nje mara mbili, na mara mbili nimeyarudisha. Mawe yaliyopikiwa hayavunjwi na mchu."

Nilirudi kwa njia ile ile: Ras Kamboni, Kiunga, Lamu, Mombasa, halafu ndege. Bi Mwanashee sikuweza kumshawishi anipe figa la tatu. Alisema analipikia, na kwamba nikilitaka nije nilichukue akishakufa, ili walau nirudi tena.

Majuma mawili baada ya kurudi nilikwenda peke yangu kwenye lile kanisa la wafalme. Nikasimama mbele ya yule malkia mwenye pua iliyolainika, na kwa mara ya kwanza nikamwonea huruma. Amejengewa kila kitu, ila hana rafiki wa kumrudishia mawe yake yakitupwa. Nilichojifunza safarini ni hicho tu. Nilikuwa nikitafuta mwanaume wa nne muda wote, na kaburi la mama lilikuwa na mwenyewe.

Na kama yule bwana bado yuko nyuma ya meza yake, achukue kalamu aandike upya. Mama yangu amezikwa Kudhaa, safu ya nyuma, karibu na ukuta wa kibla. Alibebwa na wanaume watatu na mwanamke mmoja. Kichwani ana jiwe jeusi, miguuni ana jiwe jeusi, na la tatu liko jikoni kwa Bi Mwanashee, na saa hizi juu yake pana uji.