Ile Match ya Kasungami Yenye Haikuchezwaka

Nilitangazaka match ya dakika makumi kenda yenye hakuna muntu alicheza.

Bao mbili kwa moja. Penalty. Nilitoa hata carton rouge, kadi nyekundu.

Terrain, ule uwanja, ilikuwa patupu, hata mbuzi haikupita pale.

Kosa njo yangu, siifiche. Lakini leo niko na kasirani, njo maana naandika. Musome mupaka mwisho, kisha mutaniambia kama nakasirika bure.

Jina yangu Mwaba. Mwaka 1997 nilikuwa kijana mwembamba. Leo tumbo inatangulia kuingia mu mulango, mi nafuata. Nilikuwa na diplôme ya kufundisha batoto, nikaishia kupiga kelele pa micro.

Radio yetu ilikuwa ya mupira tu, mu Katuba, mutaa moja ya mugini yetu. Radio Coup Franc. Patron Symphorien, golikipa wa zamani mwenye alifungwaka sana, aliifungula mu salon ya nyumba yake mwaka 1994. Antenne tuliisimamisha na ma-tuyau ya maji.

Asubui tulisoma habari ya timu. Midi bantu balikuja kugombana pa micro. Siku moja muzee moja alivunja kiti juu ya offside. Na kila dimanche, Jumapili, saa kumi, match "en direct".

En direct, moja kwa moja, ya wapi? Hatukukuwa na téléphone, hatukukuwa na gari.

Tulifanya hivi: match inachezwa saa saba kule Kasungami, mutaa ya pembeni ya mugini. Kasonde, reporter wetu, anaandika yote mu cahier, daftari yake, anapanda kinga, baiskeli yake, anakanyaga mbio mupaka studio. Saa kumi mi nakamata ile cahier, tunaweka cassette ya makelele ya bantu, na natangaza sawa vile mupira iko mbele ya macho yangu.

Bantu ya Kasungami benye balishaona match yote pa terrain, balifungula radio na kuanza kutetemeka upya.

Kulikuwa kintu moja ingine. Kila dimanche, pa dakika ya kumi, nilisema: "Kasonde iko hapa pa ligne, anamulamusha bibi yake."

Pa ligne, ni kusema pembeni ya terrain; lakini ile salamu ilikuwa alama. Mbambu, bibi ya Kasonde, akisikia vile, anajua bwana yake amefika studio muzima. Anaweka maji ya bukari, ugali yetu, pa moto.

Sasa ikafika mwezi wa ine, 1997. AFDL, baasi benye balikuwa banakuja kuangusha serikali, ilikuwa karibu. Basoda ya serikali benye balikuwa banakimbia balijaa mu mugini, bananyanganya kinga, matelas, hata sufuria yenye iko na mboga ndani.

Ile dimanche nilimuambia Kasonde asiende Kasungami. Alicheka. Alisema bachezaji bakikosa kumuona, batasema radio yetu inaogopa.

Akaenda.

Saa tisa tukasikia masasi upande wa Kasungami.

Saa kumi Kasonde hajafika. Niliambia patron tuweke muziki.

"Ukiweka muziki, Katuba yote itajua mugini imeanguka," alisema. "Tangaza."

"Patron, cahier haiko."

"We hauko diplomé? Tunga."

Nikatunga. Timu mbili zenye hazikukanyaga terrain, nilizipa bachezaji na jasho. Na pa dakika ya kumi kinywa yangu ikaenda yenyewe, sawa kila dimanche.

"Kasonde iko hapa pa ligne, anamulamusha bibi yake."

Sikusikia hata kama nimesema. Nilikuwa nishafika pa bao ya kwanza.

Ile saa, Mbambu alikuwa kwa kaka yake Kataliko, mufanyabiashara wa jumla mwenye alitokaka Butembo. Alikuwa amesikia masasi. Alikuwa anamuomba camion, lori yake, baende kutafuta bwana yake. Kataliko alishawasha moteur.

Radio ya jirani ikamulamusha.

Mbambu akamuambia kaka yake: "Zima moteur, yaya. Amefika."

Akarudi kwake kuweka maji pa moto.

Mi nilipiga sifflet, filimbi ya mwisho, nikatoka mu studio kuuliza patron kama ilikuwa muzuri. Patron haiko. Bibi yake haiko, batoto habako, hata frigo haiko.

Mulinzi akaniambia gari ilitoka mbele nifike mi-temps, mapumuziko ya match, ilishika njia ya Kasumbalesa, pa mupaka wa inchi. Bantu ya avenue yote balikuwa ndani banasikiliza bao zangu. Hakuna mwenye alimuona anapita.

Njo kazi nilifanya ile siku. Nilibafungia bantu macho.

Kesho yake asubui tulimupata Kasonde ku nyumba ya Maman Angélique, mulimaji wa Kasungami. Basoda balitaka kinga, alikawia kuiachilia. Lisasi mu paja. Maman alimuvuta ndani, akafunga na kitenge, lakini alikuwa peke yake, na gari hakuna.

Kasonde alimuambia asiogope. Bibi yake akiona amekawia, atatuma kaka yake na camion. Maman akafungula radio, moyo ya mugonjwa itulie.

"Alikusikia," Maman aliniambia. "Alisikia eti yeye mwenyewe anamulamusha bibi yake. Akacheka kiloko, kidogo tu. Akasema, 'Maman, zima ile kintu. Hakuna muntu anakuja tena.'"

Alikufa ile ile dimanche, mbele ya jua kuingia.

Nilienda kumuambia Mbambu, na kinywa ile ile. Nilisema yote. Miaka mbili hakunisemesha. Kisha siku moja alinitumia sahani ya bukari, bila neno. Nilikula na nililia.

Patron alirudi mwezi wa saba, amevaa T-shirt ya butawala mupya. Akafungula radio tena. Mi nikaenda kufundisha batoto.

Nilinyamaza miaka yote ile. Naona sasa kama nilifanya mubaya.

Sababu dimanche iliyopita Radio Coup Franc ilifanya fête ya siku ilifungulwaka. Patron anakaa sasa upande wa Karavia, kwa batajiri, muzee wa heshima. Alisema pa antenne: "Siku mugini inaanguka, shiye hatukunyamaza. Nilibakia pa kazi mupaka sifflet ya mwisho."

Kisha akaweka cassette ya ile match. Sikujua hata kama tulirekodi.

Akaiacha ipite yote. Na dakika ya kumi.

Téléphone yangu ikalia. Mbambu. Nilisikia tu radio yake nyuma, sauti yangu ya bujana, inamulamusha.

Mweye benye munatangaza leo, munafanya ma-direct ku Facebook, musikie: ile bongo kiloko ya kazi, ule uongo mudogo, inazoeza kinywa. Siku ya kweli, kinywa haikuulize ruhusa.

Nikapiga numéro ya studio. Bakaniweka pa antenne mbio, balifikiri nitatoa félicitations, pongezi.

"Patron, ni Mwaba. Nakuomba kintu moja tu. Ambia bantu, ile siku gari yako ilitoka saa ngapi."

Kisha muziki ikaanza.

Nikauliza tena, ndani ya ile muziki.

"Saa ngapi, patron?"