Baada ya Honi, Soda

Mama Kaunta hakuwahi kumpiga mtu tangu alipoacha kuraruana na dada zake utotoni, na hilo ndilo lililompandisha cheo. Miaka yake ya kwanza katika ile meli ya watalii aliimalizia chumba cha kufulia, chini kabisa kusikokuwa na dirisha, akipiga pasi mashuka mpaka vidole vinakufa ganzi. Kufika juu, kwenye baa ya kando ya bwawa la kuogelea, kulimgharimu kumeza matusi ya kila aina. Kwani sharti la meli halikuwa na mjadala: mfanyakazi akimwinulia mkono abiria, anashushwa bandari inayofuata na mabegi yake. Hata kama kaanza abiria.

Ajabu ya meli ile ni kwamba umri wa kunywa pombe ulibadilika kwa kamba. Ikiwa imefungwa bandarini, ilifuata sheria ya nchi yenye bandari hiyo, na kijana wa miaka kumi na minane aliruhusiwa. Kamba zikifunguliwa na honi ikilia, inashika sheria ya kampuni: chini ya ishirini na mmoja, soda. Mtu yuleyule, kiti kilekile, sasa hivi mtu mzima, punde mtoto.

Wahudumu walikuwa na ujanja wao. Humnyang'anyi mtu kikombe. Unazungukazunguka na kitambaa, unafuta meza, unamuuliza habari za kwao, akikiweka tu chini unaondoka nacho pamoja na maganda ya karanga. Mama Kaunta alikuwa bingwa wa mambo hayo. Lakini mchana ule foleni ilikuwa imefika bwawani na msimamizi anamfokea mgongoni. Honi ilipolia, akamwendea kijana mmoja wa miaka kumi na tisa, mwenye vinywele vya kuhesabika kidevuni, akakishika kikombe kikiwa bado mkononi mwake.

"Hiki muda wake umekwisha, mwanangu."

"Mimi si mwanao," alisema Kidevu. "Halafu umeniuzia mwenyewe."

"Nilikuuzia bandarini. Tumeshaondoka."

"Bandari ile pale. Nikitema mate yanafika."

Meza za jirani zikacheka, na kicheko kile kikampa kijana kichwa. Huyu akavuta, yule akavuta, bia ikamrukia Kidevu kifuani, na ngumi ikafuata. Mama Kaunta alisikia pua yake ikivunjika kwa ndani, kama mtu kakanyaga biskuti kavu. Damu ikamjaa mdomoni. Akaipitisha mikono yake miwili ndani ya mkanda wa aproni, nyuma, akaibana humo ili isije ikamponza.

"Mpige tena basi," sauti ilisema. "Mpige nione."

Alikuwa baba wa Kidevu, pandikizi la mtu, anatoka majini anachuruzika. Umri wake haukuwa na tatizo lolote, na alikuwa akinywa tangu chai ya asubuhi.

"Baba, huyu mama amenimwagia..."

"Unaniaibisha mbele za watu."

Akamkamata mwanawe shingoni, akamgongesha uso kwenye ukingo wa kaunta. Akarudia. Jino likateleza juu ya marumaru hadi kwenye malimau. Waliokuwa wakicheka wakaanza kukusanya taulo zao. Kisha akamburuta mpaka bwawani, akapiga magoti, akamzamisha kichwa na kukikandamiza. Msimamizi alikuwa anaita walinzi kwenye redio, anaita tu, na miguu ya kijana ilirusha teke, ikarusha teke, halafu ikaanza kulegea.

Mama Kaunta aliitoa mikono kwenye mkanda. Alichukua chepe la chuma la kuchotea barafu, akampiga yule baba kwenye kiwiko. Mtu akageuka kumtazama kama aliyeumwa na mbu. Akampiga la pili, la sikio, kwa nguvu zake zote, naye akadondoka kama gunia. Kidevu alivutwa kwa nywele, akatapika maji na bia.

"Ulimpiga abiria?" aliuliza mkuu wa ulinzi.

"Nilimpiga."

"Mara ngapi?"

"Mbili. La kwanza niliona halijaingia."

Walipofika bandari iliyofuata, Kidevu alimkuta Mama Kaunta kwenye ngazi ya kushukia, na begi. Wote wawili nyuso zilikuwa zimevimba mpaka hawatofautiani.

"Nilikuvunja pua," alisema.

"Najua. Pua ni yangu."

"Ungeniacha tu."

"Ningekuacha ningekuwa bado na kazi." Alikuwa hatanii, na kijana aliliona hilo. "Baba yako wamemfungia?"

"Huko chini. Wanamtoa jioni."

"Na mama yako?"

"Yuko nyumbani. Hajui kitu."

Mama Kaunta akatoa simu mfukoni, akampa. Mkuu wa ulinzi akasema muda umefika, ateremke.

"Subiri," alimjibu, na hakumwita bosi. "Kijana anaongea na mama yake."