Siku ya Mvua Inayopanda kule Katolo

Niliondoka Elisabethville, mji ambao wenyeji huuita Lubumbashi, kwa sababu ya ubishi. Kabeya, dereva wa lori la samaki, aliniambia kwamba huko Katolo, kijiji kilicho nyuma ya Lukafu, kuna siku moja kila mwaka kabla ya masika ambapo mvua hutoka ardhini na kupanda juu, na watu huifanyia sikukuu. Mimi ni karani niliyejifundisha kusoma peke yangu, na kitabu changu cha hali ya hewa hakikusema hivyo. Nakiri kwamba jambo hilo lilinitesa. Ama kitabu kilikosea, ama mimi sikukielewa. Nikaomba likizo na barua ya ruhusa ya kusafiri.

Jumatatu alfajiri tulishika njia ya Kasenga. Lori lilikuwa tupu lakini lilinuka samaki wa juzi. Nilikuwa nikiifungua ile barua kila mara kuhakikisha jina langu.

“Karani,” Kabeya akasema, “ile karatasi itatoboka na macho yako!”

Saa nane mchana aliniteremsha Kasomeno, tukaagana kwamba atanipitia Jumatatu inayofuata. Kutoka hapo nilitembea siku mbili, nikipita mashamba ya mihogo ya Lukafu, kichwa kikiuma kwa joto.

Katolo nilipokewa na Mama Chola, mfinyanzi, anayeishi na binti yake Musonda.

“Unatoka Lubumbashi kuangalia maji?” Mama Chola aliuliza.

“Nataka kujua kama ni kweli, mama.”

“Aa! Basi weye njo utaita.”

Yaani mimi ndiye nitakayeita; kuita nini, nikaelezwa. Watoto wa Katolo huzaliwa bila majina. Wote huitwa Mugeni. Siku mvua inapopanda, kila mama hugeuza chungu kinywa chini, maji yakaingia; ikikoma, hukirudisha upesi kabla maji hayajakumbuka kuanguka. Bibi humpaka mtoto kichwani, kifuani na miguuni, na kila mahali hupewa jina lake. Lakini anayeita kwamba mvua imeanza lazima awe mtu wa mbali, kwani mama mwenye hamu huona mvua hata pasipo mvua. Na chungu kikigeuzwa bure hakigeuzwi tena mpaka mwaka ujao.

Mwana wa Musonda alikuwa anatembea tayari, bado anaitwa Mugeni. Mwaka uliopita mchuuzi wa chumvi aliyepewa kazi ya kuita alisinzia. Na mtoto asiye na jina haruhusiwi kutoka kijijini.

“Bwana yangu iko Kipushi, ndani ya mine, anachimba shaba,” Musonda aliniambia. “Anatungojea miaka mbili. Karani, usilale.”

“Sitalala.”

“Ule wa chumvi naye alisema vile vile.”

Siku ya pili yangu kijijini, saa kumi alasiri, hewa ilisimama. Moshi wa majiko ulilala chini ukatiririka kati ya nyumba kama kijito. Mbuzi walipiga magoti. Akina mama walikaa na vyungu vyao, migongo yao ikielekea majani ya uwanja ili wasijionee mvua wenyewe, nami nikapandishwa juu ya kichuguu.

Tone moja likaachana na jani. Likapanda polepole mpaka usawa wa kifua changu, likapotea.

Sikuita. Nilijiambia huenda ni jasho langu, au mdudu anayeng'aa. Likapanda la pili. Nikafikiri: nikikosea, nimewapokonya wote mwaka mzima. Nikatoa daftari kuandika nilichoona.

“Karani, unaandika ao unaangalia?” Musonda aliuliza bila kugeuka, aliposikia karatasi.

La tatu lilinigonga chini ya kidevu. Ndipo nikapiga kelele, sauti ikakatika kama ya jogoo mchanga. Vyungu vikageuka vyote pamoja. Uwanja mzima ukainuka ukimetameta, watoto wakacheka. Kisha, kabla sijamaliza kushangaa, ikaisha.

Chungu cha Musonda kilikuwa na maji ya kulowesha kidole tu.

“Uliona ya kwanza wakati gani?” Mama Chola akaniuliza.

Ningeweza kudanganya. “Niliyaacha mawili yapande, mama, nikaita la tatu. Niliogopa.”

Mama Chola alichovya kidole, akampaka mtoto kichwani: “Mumba.” Akachovya tena, kidole kikatoka kikavu. Kifua na miguu vikabaki bila jina. Musonda alimtazama mama yake.

Mama Chola alishika miguu ya mtoto. “Kichwa iko na jina, kitaenda,” akasema. “Miguu haina, isikanyage njia. Mutamubeba mpaka kwa baba yake. Na weye karani, utabeba pia.”

Kurudi Kasomeno tulimbeba kwa zamu. Mumba alikuwa mzito na alitaka kutembea; alinipiga mateke mbavuni siku mbili nzima.

“Mushike vizuri,” Musonda alicheka. “Ile ni matone yako mawili.”

Elisabethville, Jumatatu jioni, Kabeya alipotushusha, nilimwinua Mumba mpaka mikononi mwa mama yake juu ya lori la Kipushi. Viatu vipya vya mtoto, alivyovishwa Katolo kwa safari, vilikuwa safi, havijagusa udongo.

Maji yale yanakokwenda bado sijui. Nililojifunza ni dogo, na linaniuma: tone la kwanza lilikuwa mvua tayari, nami nililiona.